Kutoka Gogol hadi Liyongo: Jinsi mwandishi wa filamu anavyogeuza ngano kuwa picha

KATI ya kazi zote za sinema, kazi ya mwandishi wa mswada ndiyo isiyoonekana. Mtazamaji humkumbuka mwigizaji, na pengine mwelekezi. Lakini yule aliyeamua jini litokee lini, liseme nini na liangamizwe kwa njia gani, jina lake hupita upesi mwishoni, watu wakiwa tayari wamesimama kwenda nyumbani.

Uzito wa kazi hiyo hudhihirika zaidi katika filamu za maajabu, zile zenye majini, wachawi, majoka na mashujaa wasiodhurika kwa upanga. Nyingi kati ya filamu hizo hazikubuniwa na watengenezaji wake. Zimetokana na ngano za mababu au na vitabu vilivyoandikwa kabla ya kamera kuwako.

Urusi ni miongoni mwa nchi zilizoifanya kazi hii kwa muda mrefu na kwa bidii kubwa. Makala haya yanaeleza jinsi waandishi wake walivyozigeuza ngano na fasihi yao kuwa filamu, walipofanikiwa na walipopoteza. Yanaeleza pia kwa nini mambo hayo yanamhusu mwandishi kijana wa Kizingo, katika kisiwa cha Mombasa, anayekaa juu ya hazina ya hadithi zisizopungua zile za Warusi kwa maajabu.

Kwanza ni ukusanyaji

Sinema ya Urusi ilizikuta ngano zikiwa zimekwisha kuandikwa. Kati ya mwaka 1855 na 1863, Alexander Afanasyev alichapisha mkusanyiko wa ngano zipatazo 600. Katika miaka ya 1860, Pavel Rybnikov alinakili tendi za mashujaa wa kale, ziitwazo bylina, kutoka vinywani mwa wakulima wa Olonets, kaskazini mwa nchi. Waandishi wa filamu wa karne iliyofuata walichota humo.

Pwani ya Afrika Mashariki haikuachwa nyuma. Edward Steere alichapisha ngano za Kiswahili alizozikusanya Unguja katika kitabu kilichotoka London mwaka 1870. Mashairi ya Muyaka bin Haji, malenga mkuu wa Mombasa aliyefariki karibu na mwaka 1840, yaliokolewa na William Taylor kwa msaada wa Mwalimu Sikujua. William Hichens aliyachapisha mwaka 1940. Naye Muhamadi Kijumwa wa Lamu aliuandika utendi wa Fumo Liyongo mwaka 1913.

Kwa hiyo tofauti kati ya Warusi na sisi haimo katika wingi wa hadithi, wala katika kuhifadhiwa kwake. Imo katika hatua iliyofuata, ile ya kukaa chini na kuigeuza hadithi iliyohifadhiwa kuwa mswada wa filamu.

Bazhov na Ua la Jiwe

Mfano mzuri wa hatua hiyo ni Pavel Bazhov. Alizaliwa katika eneo la milima ya Ural, penye migodi na viwanda vya chuma, na tangu utotoni alisikia masimulizi ya wachimbaji kuhusu Bibi wa Mlima wa Shaba, mwanamke wa ajabu anayemiliki vito vilivyo chini ya ardhi. Mwaka 1939 aliyatoa masimulizi hayo katika kitabu.

Mwelekezi Aleksandr Ptushko alipotaka kuyatia katika filamu, Bazhov mwenyewe alishiriki kuandika mswada. Filamu hiyo, Ua la Jiwe, ilitoka mwaka 1946 na ikapata tuzo ya rangi katika tamasha la Cannes mwaka huo huo. Inahusu fundi wa kuchonga mawe anayemwacha mchumba wake ili akajifunze siri ya uzuri kamili ndani ya mlima.

Katika kazi hiyo mnyororo haukukatika. Aliyesikia ndiye aliyeandika kitabu, na aliyeandika kitabu alikuwapo mswada ulipoandikwa. Maajabu ya filamu yakabaki na harufu ya mahali yalikotoka: mawe ni ya Ural, kazi ni ya Ural, hata hofu ya watu ni hofu ya wachimba migodi.

Duara la chaki

Nikolai Gogol si mgeni kwa wasomaji wa Kiswahili. Tamthilia yake ya kuchekesha kuhusu wala rushwa ilitafsiriwa na Christon Mwakasaka kwa jina Mkaguzi Mkuu wa Serikali. Lakini Gogol aliandika pia hadithi za kutisha, na iliyo maarufu kati ya hizo ni Viy, iliyotoka mwaka 1835.

Khoma Brut, mwanafunzi wa seminari ya Kiev, anaamriwa na tajiri mmoja asome sala kwa usiku tatu kanisani, mbele ya maiti ya binti wa tajiri huyo. Binti huyo alikuwa mchawi. Kila usiku maiti huinuka, na Khoma hujikinga kwa kuchora duara sakafuni. Usiku wa tatu mashetani wanamleta Viy, ambaye kope zake zinafika chini. Kope zinapoinuliwa, Khoma anasikia sauti moyoni ikimwambia asitazame. Anatazama, na kinga yake inavunjika.

Filamu ya mwaka 1967 iliyotokana na hadithi hiyo hutajwa mara nyingi kuwa ya kwanza ya kutisha katika sinema ya Kisovieti. Mswada wake uliandikwa na waelekezi wawili, Konstantin Yershov na Georgi Kropachyov, pamoja na Ptushko. Hawakuongeza mengi. Walitambua kuwa hadithi nzima imesimama juu ya masharti mawili, usitoke ndani ya duara na usitazame, wakayaweka mbele ya kamera.

Hapa ndipo palipo kiini cha kazi. Mwandishi wa kitabu anaweza kusema kuwa mtu aliogopa, na msomaji akaridhika. Mwandishi wa filamu hana ruhusa hiyo, kwa sababu kamera haioni moyo. Lazima atafute kitu kinachoonekana: chaki mkononi, mstari sakafuni, mguu unaokaribia kuuvuka. Kwa kawaida ukurasa mmoja wa mswada huwa takriban dakika moja kwenye kiwambo, hivyo hakuna nafasi ya maneno yasiyozaa picha.

Msomaji wa pwani ataielewa Viy bila kufundishwa, kwani anajua kago na zindiko ni nini. Ngano za huku nazo zimejaa masharti: usigeuke nyuma, usifungue chumba cha saba, usitaje jina. Ngano hugeuka filamu pale mwandishi anapolikuta sharti lake na kujua ni nani atakayelivunja.

Hadithi hiyo hiyo ilirudiwa mwaka 2014 na mwelekezi Oleg Stepchenko, aliyeuandika mswada pamoja na Aleksandr Karpov. Waliongeza mhusika mpya, mchora ramani kutoka Uingereza aitwaye Jonathan Green, na sehemu ya maajabu wakaipa maelezo ya hila za binadamu. Filamu hiyo iliuza tiketi nyingi nchini Urusi. Ile iliyoifuata, ya mwaka 2019, ilimpeleka Green hadi Uchina, ikiwa na nyota kama Jackie Chan na Arnold Schwarzenegger. Kufikia hapo ilikuwa imekwenda mbali sana na Gogol, na haikupata mapato yaliyotarajiwa. Fedha na majina makubwa havikujaza pengo la sharti lililopotea.

Sadko alivyogeuzwa Sinbad

Kisa kinachopaswa kukumbukwa zaidi na watu wa bandari kama Mombasa ni cha filamu Sadko. Katika tendi za Warusi, Sadko ni mpiga kinanda cha nyuzi na mfanyabiashara wa mji wa Novgorod, anayesafiri baharini na kufika katika jumba la mfalme wa bahari. Konstantin Isayev aliandika mswada, na Ptushko akaielekeza filamu iliyotengenezwa mwaka 1952. Mwaka uliofuata ilituzwa Simba wa Fedha katika tamasha la Venice.

Miaka kumi baada ya kutengenezwa, mwaka 1962, ilionyeshwa Marekani kwa jina jipya, The Magic Voyage of Sinbad. Picha zilikuwa zile zile, ila zilikatwa na kuingizwa sauti za Kiingereza. Sadko akawa Sinbad, na Novgorod ikapewa jina la mji wa kubuni. Francis Ford Coppola, wakati huo kijana anayeanza kazi, anatajwa kuwa ndiye aliyeyatayarisha maneno mapya.

Wakati ule wa uhasama kati ya Marekani na Muungano wa Sovieti, wafanyabiashara wa sinema waliona shujaa wa Kirusi hatauzika. Walimchukua Sinbad wa Alfu Lela Ulela, baharia wa bahari yetu hii ya kaskazi na kusi, wakamvika nguo za Mrusi wa mtoni. Mtoto wa Marekani aliyeitazama filamu hiyo hakujua kitu chochote kuhusu Novgorod, wala hakujifunza kitu cha kweli kuhusu Basra au pwani za Uhindi.

Warusi hawakumpoteza Sadko, kwa kuwa mswada wao na filamu yao vilikuwapo. Lakini hadithi ambayo wenyewe hawajaiandikia mswada haina nakala ya asili ya kulinganishwa nayo. Mgeni akiwa wa kwanza kuipiga picha, jina atakaloipa ndilo litakaloenea.

Ushairi mbele ya kamera

Swali jingine ni la lugha. Alexander Pushkin, ambaye baba wa babu yake mzaa mama, Abram Gannibal, alikuwa Mwafrika aliyelelewa katika jumba la Mfalme Peter, alichapisha utendi wake Ruslan na Ludmila mwaka 1820. Ptushko aliutia katika filamu mwaka 1972, na mswada akauandika pamoja na mshairi Samuil Bolotin.

Kuwapo kwa mshairi hakukuwa pambo. Utendi ukivunjwa kuwa mazungumzo ya kawaida, kisa hubaki lakini mapigo yake hufa. Ukiachwa wote kama ulivyo, waigizaji huwa kama wanaoghani badala ya kuishi. Lazima awepo mtu mwenye sikio la mizani, anayejua pa kuushika ubeti na pa kuuachilia.

Suala hili litamkabili yeyote atakayeshika tendi za Kiswahili, zenye mistari minne ya mizani nane na kina kimoja kinachorudi mwishoni mwa kila ubeti. Mombasa haijawahi kupungukiwa na malenga. Nafasi yao katika filamu ya namna hii iwe mezani tangu ukurasa wa kwanza, wasiitwe tu siku ya kutunga wimbo wa kufungia.

Sindano mbili

Ulinganisho ulio wazi zaidi ni kati ya Kashchey wa Urusi na Fumo Liyongo wa pwani. Kashchey ni dhalimu asiyekufa. Mauti yake yamo katika ncha ya sindano, sindano imo ndani ya yai, yai ndani ya bata, bata ndani ya sungura, na sungura ndani ya sanduku. Mwelekezi Aleksandr Rou alimtia katika filamu ya mwaka 1945, iliyotengenezwa wakati wa Vita Vikuu vya Pili. Mwigizaji Georgi Millyar ndiye aliyekuwa Kashchey. Ni huyo huyo aliyekuwa Baba Yaga, kizee mchawi, katika Vasilisa Mrembo ya mwaka 1939. Kwa watu waliokuwa vitani, jitu linaloteketeza vijiji na kuteka wanawake halikuhitaji kufafanuliwa.

Liyongo naye hafi kwa mkuki wala mshale. Kimuuacho ni sindano ya shaba akichomwa kitovuni. Sultani wa Pate, anayeuhofia ufalme wake, anamtega mara kadhaa. Anapokubaliana na watu kuwa kila mmoja apande mkoma, ili Liyongo akiwa juu apigwe mishale, shujaa huyo anaziangusha koma kwa mshale wake bila kupanda. Anapofungwa, mamaye anamtumia tupa ndani ya mkate wa wishwa, walinzi wanaudharau mkate huo, naye anakata minyororo wakati ngoma ya gungu ikivuma nje.

Hatimaye Sultani anamrubuni mwana wa Liyongo kwa ahadi ya cheo na ndoa. Kijana anamwuliza babake ni kitu gani kinachoweza kumwua. Katika utendi, Liyongo anadokeza kuwa ametambua mwanawe amehadaiwa. Hata hivyo anamwambia.

Hapo ndipo Liyongo anapompita Kashchey kwa mbali. Siri ya Kashchey hupatikana kwa hila, na mtazamaji hufurahi inapovuja. Siri ya Liyongo hutolewa na baba anayejua anachokitoa. Mwandishi asiyekuwa makini atamfanya Liyongo jitu lenye misuli na kuyamaliza yote katika mapigano. Mwandishi mwema atajua kuwa filamu nzima inaelekea kwenye kikao kile cha watu wawili, baba na mwana, na kwamba swali la kila tukio kabla yake ni kwa nini mzee alisema.

Mwisho wa kisa nao umekaa kama uliotungwa kwa ajili ya kamera. Liyongo aliyechomwa anachukua uta, anakwenda kisimani, anapiga goti akiwa ameuvuta mshale, na anakufa katika hali hiyo. Watu wanaogopa kuteka maji kwa siku kadhaa, wakidhani yu hai, hata mamaye anapoletwa kumsihi. Hakuna neno linalohitajika.

Kisa hiki kimekwisha kuvuka mipaka ya utendi. Bitugi Matundura amekisimulia kwa watoto katika Mkasa wa Shujaa Liyongo, na Emmanuel Mbogo amekiandikia tamthilia, Fumo Liongo.

Kizingo na mibuyu yake

Mwandishi wa Mombasa ana mahali pa hadithi na hadithi zenyewe. Kizingo iko upande wa kisiwa unaokabili mlango wa bahari, meli zinapoingia Kilindini. Pana mnara wa taa wa Ras Serani, mawimbi ya mwambani, na mibuyu mikubwa ya Barabara ya Mama Ngina. Mwendo mfupi kutoka hapo ni Ngome ya Yesu, iliyoanzwa na Wareno mwaka 1593 na kutiwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2011, na nyuma yake ni Mji wa Kale.

Mapokezi ya mji yanamtaja Mwana Mkisi, malkia wa kale wa Mombasa, na Shehe Mvita aliyemfuatia na kuuachia mji jina lake. Malkia anayeondoka na utawala mpya unaoingia, mji mmoja wenye majina mawili, Gongwa na Mvita: mwandishi wa filamu haombi msingi ulio imara kuliko huo.

Mwaka 2019 eneo la Mama Ngina liligeuzwa kuwa bustani ya kisasa ya ufuoni, na sherehe za Siku ya Mashujaa za mwaka huo zikafanyika hapo. Wapo waliokumbusha kuwa kwa baadhi ya wenyeji mibuyu ile ni mahali pa ibada za jadi, na kwamba haifai kuhesabiwa kuwa kivuli tu. Mtengenezaji wa filamu akumbuke vivyo hivyo. Mbuyu wa jini katika mswada ni mti wa kubuni, lakini ule uliosimama Kizingo una watu wake.

Waliotangulia

Katika Afrika Mashariki njia imekwisha kufunguliwa. Mwanzoni mwa miaka ya 2000, Mussa Banzi wa Tanzania alitoa filamu za video za kutisha kama Nsyuka na Shumileta, zilizochota katika imani za watu kuhusu mizimu na majini. Nchini Kenya, Wanuri Kahiu alitoa Pumzi, filamu fupi ya mwaka 2009 kuhusu dunia iliyokaukiwa na maji. Mbithi Masya alitoa Kati Kati ya mwaka 2016, kuhusu wafu walio baina ya hapa na ahera. Subira, ya mwaka 2018, ilitumia Kiswahili na mandhari ya Lamu.

Kwa upande wa fasihi andishi, mfano wa karibu ni Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, iliyotoka mwaka 2021 kutokana na riwaya ya Adam Shafi. Haina majini, lakini ilithibitisha kuwa riwaya ya Kiswahili inaweza kuvuka hadi kwenye kiwambo ikiwa na lugha yake. Ilionyeshwa katika tamasha la Toronto, kisha Tanzania ikaiteua kuiwakilisha katika tuzo za Oscar, jambo ambalo nchi hiyo haikuwa imelifanya tangu Maangamizi ya mwaka 2001.

Sheria inavyosema

Anayetaka kuanza ajue kuwa riwaya na ngano hazitendewi sawa kisheria. Nchini Kenya hakimiliki ya kitabu hudumu katika uhai wa mwandishi na miaka 50 baada ya kifo chake. Riwaya ambayo bado inalindwa haiguswi bila mkataba wa maandishi na mwenye haki. Kijumwa alifariki mwaka 1945, hivyo muda wa utendi wake umekwisha, ingawa tafsiri na matoleo mapya yanaweza kuwa na wenyewe.

Ngano na mila hazina mwandishi mmoja, lakini si mali isiyo na mwenyewe. Sheria ya mwaka 2016 ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa za kitamaduni inazitambua jamii kuwa wamiliki na inataka idhini yao kabla ya matumizi ya kibiashara. Serikali za kaunti zimepewa jukumu la kuweka sajili. Mswada uliokamilika unaweza kusajiliwa na Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, na ni busara kufanya hivyo kabla ya kumwonyesha mtayarishaji yeyote.

Hatua hizi hazihitaji mamilioni. Kuwasikiliza wazee na kunukuu kwa uaminifu, kulitafuta sharti lililomo ndani ya ngano, kuandika kurasa mia moja kwa Kiswahili chenye mizani yake, na kusajili: hayo yote hutangulia kamera, na gharama yake kubwa ni muda. Fedha za majoka na majumba ya chini ya bahari zitatafutwa baadaye.

Sadko alirudi Novgorod akiwa na jina lake kwa sababu wenyewe walikuwa wamemwandikia. Mwana Mkisi na Liyongo nao wanastahili mswada wenye majina yao, uandikwe na watu wanaoyajua maana yake.